Jabari Si Shujaa: Uhakiki wa Istilahi za Wahusika katika Vitabu vya Katuni vya Marekani

Utangulizi

Kwa muda mrefu wanaistilahi wa Kiswahili wameelekeza juhudi zao katika nyanja za sayansi, sheria, uchumi na utawala. Jambo hilo lilistahili, kwani shule, mahakama na ofisi za serikali hazikuweza kungoja. Hata hivyo, nyanja za burudani zimeachwa zijitafutie maneno zenyewe, na mojawapo ya nyanja hizo ni hadithi za vitabu vya katuni, ambavyo wengine huviita vibonzo. Hadithi hizo, hasa zile zilizozaliwa Marekani, leo zinawafikia vijana wetu kwa njia ya sinema, runinga na simu za mkononi. Kila siku yuko mtu anayelazimika kuzieleza kwa Kiswahili: mfasiri wa maandishi ya chini ya picha, msimulizi wa sinema katika mabanda ya video, mwandishi wa gazeti, mwalimu wa fasihi.

Mtu huyo anapokutana na mhusika aliyevaa joho, anayeruka angani na kuokoa watu, humwita "shujaa". Anapokutana na mpinzani wake humwita "mhalifu", "adui" au "jambazi". Nia ya makala haya ni kuonyesha kwamba chaguo hizo, ingawa zimezoeleka, zinaleta hasara mbili kwa mpigo. Kwanza, zinapotosha maana ya kazi zenyewe, hata msomaji akadhani kuwa ni hadithi za wema na wabaya tu. Pili, zinalipunguzia uzito neno "shujaa", ambalo lina kazi kubwa katika maisha ya mataifa yetu. Tutazichunguza kwanza kazi hizo, kwa sababu istilahi isiyotokana na uchunguzi wa kitu chenyewe ni lakabu tu. Kisha tutapendekeza maneno mengine.

Neno "shujaa" na mzigo wake

Shujaa ni neno lililotoka katika Kiarabu, nalo limekuwa letu kwa karne nyingi. Maana yake katika Kiswahili imejengwa juu ya moyo, wala si juu ya misuli. Mtu huitwa shujaa kwa kuwa alikuwa na kila sababu ya kuogopa, naye akasonga mbele. Tanzania huwakumbuka mashujaa wake kila tarehe 25 Julai, na Kenya huadhimisha Siku ya Mashujaa tarehe 20 Oktoba. Wanaokumbukwa siku hizo walikuwa watu wa nyama na damu. Risasi ziliwapata, na ndiyo maana tunawakumbuka.

Hata katuni za kwetu zimelielewa neno hilo hivyo. Jarida la katuni la Shujaaz lililoanza nchini Kenya mwaka 2010 halina mtu arukaye wala aonaye kupitia ukutani. Wahusika wake ni vijana wa kawaida, na anayeongoza miongoni mwao, DJ Boyie, ni kijana anayerusha matangazo ya redio kwa siri kutoka chumbani mwake. Waliolitunga jarida hilo walichagua neno sahihi, kwa kuwa ujasiri wa kijana asiye na nguvu yoyote ndio ushujaa.

Sasa tumtazame Superman, ambaye ndiye baba wa wahusika wote tunaowajadili. Risasi humpiga kifuani zikaanguka chini. Mtu ambaye risasi haimdhuru hahitaji ushujaa ili asimame mbele ya bunduki. Anahitaji nafasi tu. Hatusemi kwamba Superman hawezi kuwa shujaa. Tunasema kwamba uwezo wake haumfanyi shujaa, na kwamba ushujaa wake, kama upo, hauna budi kutafutwa mahali pengine katika hadithi. Neno linalompa sifa hiyo tangu ukurasa wa kwanza linamnyima msomaji kazi ya kuitafuta.

Fasihi yetu ilikwisha kulitambua tatizo hili. Fumo Liyongo, ambaye habari zake ziliandikwa katika utenzi wa Muhammad Kijumwa mwaka 1913, alikuwa na mwili usioingiwa na silaha yoyote isipokuwa sindano ya shaba ikichomwa kitovuni. Lakini tunaposimulia habari zake, hatukai sana katika unene wa ngozi yake. Tunakaa katika usaliti wa mwanawe wa kumzaa, na katika kifo chake kisimani, alipopiga goti na upinde mkononi, hata watu wakaogopa kuusogelea mwili wa maiti. Waandishi wa Superman nao walifika hapo kwa njia yao. Jiwe la kryptonite, ambalo humwondolea nguvu, lilizuliwa katika mchezo wa redio mwaka 1943, likaingia katika vitabu mwaka 1949. Waligundua kwamba mtu asiye na pa kujeruhiwa hana hadithi.

Asili ya maneno ya Kiingereza

Yafaa pia tujiulize Waingereza na Wamarekani wenyewe walipata wapi maneno yao. Neno lao la mtu wa upande wa kwanza limetoka katika Kiyunani, na huko lilitumika kwa watu wa kale waliokuwa baina ya miungu na binadamu, kama Herakles aliyezaliwa na Zeus na mwanamke wa kawaida. Kwa hiyo tangu asili neno hilo lilibeba wazo la nguvu na nasaba. Ujasiri ulifuata baadaye. Shujaa wa Kiswahili hana nasaba hiyo, na kumfananisha na yule wa Kiyunani ni kuunganisha vitu viwili vilivyoanza safari katika bandari mbalimbali.

Neno la upande wa pili, "villain", lina historia yenye uchungu zaidi. Limetoka katika Kilatini cha zama za kati, ambako lilimtaja mtu wa shamba la bwana, yaani mkulima aliyefungwa na ardhi isiyo yake. Mabwana walimdharau mkulima huyo, wakamdhania mchafu na mjanja, hata jina la hali yake likawa jina la uovu. Msomaji wa Kiswahili hatashindwa kulielewa jambo hilo, kwani sisi tuna neno "mshenzi", ambalo watu wa pwani walilitumia kwa watu wa bara kabla halijawa tusi la kila mtu. Basi neno la Kiingereza lenyewe ni hukumu ya tabaka moja juu ya tabaka jingine. Mfasiri akilipokea bila kulipima atakuwa ameipokea na hukumu hiyo.

Nguvu kabla ya wema

Historia ya hadithi hizi inathibitisha kwamba nguvu na wema ni mambo mawili, na kwamba nguvu ilitangulia. Jerry Siegel na Joe Shuster, vijana wawili wa Cleveland katika jimbo la Ohio, walitoa mwaka 1933 hadithi fupi katika kijarida chao kidogo. Ndani yake mtu maskini anachukuliwa na mwanasayansi kutoka katika foleni ya chakula cha bure, anapewa dawa, na anapata uwezo wa kusoma mawazo ya watu. Anautumia uwezo huo kwa uovu mtupu. Jina alilopewa mtu huyo katika kichwa cha hadithi lilikuwa Superman. Kwa maneno mengine, jina ambalo leo ni alama ya wema lilianza maisha yake likiwa la mtu mbaya.

Superman tunayemfahamu alitokea katika toleo la kwanza la Action Comics, lenye tarehe ya Juni 1938. Siegel na Shuster waliuza haki zao kwa dola 130. Katika matoleo ya mwanzo Superman hakupambana na mtu mwenye nguvu kama zake. Alimwadhibu mume aliyempiga mkewe, alimtisha mtu aliyekuwa akimhonga seneta, alimburura mwenye kiwanda cha silaha hadi vitani ili akaonje biashara yake, na alimfungia mwenye mgodi ndani ya mgodi wake mbovu ili ajue wachimbaji wanafanya kazi katika hali gani. Mwanzoni mwa 1939 alibomoa mtaa wa mabanda mabovu ili serikali ilazimike kujenga nyumba bora. Hao walikuwa mahasimu wa kawaida: matajiri, wanasiasa, waajiri. Nguvu ilikuwa upande mmoja tu, na hadithi iliuliza swali zito: mnyonge akipata nguvu, je, atamtendea nini aliyemwonea?

Swali hilo halikudumu. Mwaka 1940 aliingia Luthor, mwanasayansi mwenye akili zinazoweza kushindana na nguvu za Superman. Mwaka huo huo toleo la kwanza la Batman lilimleta Joker. Waandishi walikusudia kumwua Joker katika toleo hilo hilo, lakini mhariri alikataa, na uamuzi wa mhariri huyo ulibadili fani nzima. Tangu hapo mpinzani akawa mali ya kudumu ya kampuni, hawezi kuuawa wala kushindwa moja kwa moja, kwa sababu mwezi ujao ni lazima kitabu kiuzwe tena. Vijana wa mjini husema kwamba staringi hafi. Katika vitabu hivi hata mpinzani wa staringi hafi. Superman mwenyewe aliuawa katika toleo lililouzwa Novemba 1992, na mwaka 1993 alikuwa amerudi.

Hapo ndipo mgogoro ulipohama. Mwaka 1938 ulikuwa baina ya dhalimu na mtetezi wa wanyonge. Baada ya 1940 ukawa mashindano ya wenye nguvu wawili, na mwenye mgodi akatoweka jukwaani. Vita viliirudisha siasa kwa muda, kwa mfano toleo la kwanza la Captain America, lenye tarehe ya Machi 1941, lilipomwonyesha shujaa huyo wa Joe Simon na Jack Kirby akimpiga Hitler ngumi ya uso, miezi kadhaa kabla Marekani haijaingia vitani. Neno "shujaa" hapa limetumiwa kwa makusudi. Steve Rogers alikuwa kijana dhaifu aliyejitolea kwenda vitani kabla hajapewa dawa ya nguvu. Alikuwa shujaa kwanza, nguvu zikamfuata. Katika fani hii mpangilio huo ni nadra.

Kanuni za mwaka 1954

Wapo watakaosema kwamba hadithi hizi ni za wema na wabaya kwa asili yake, na kwamba sisi tunazitwisha maana zisizokuwamo. Tuwakumbushe kwamba mgawanyo huo mkali uliwekwa kwa amri. Mwaka 1954 daktari wa maradhi ya akili, Fredric Wertham, alichapisha kitabu kilichodai kwamba katuni zinawapotosha watoto, na kamati ndogo ya Seneti ya Marekani ikafanya vikao juu ya suala hilo. Wachapishaji, wakiogopa sheria ya serikali, walijiwekea kanuni zao wenyewe. Kanuni hizo ziliagiza kwamba uhalifu usionyeshwe kwa namna itakayomfanya msomaji amhurumie mhalifu, na kwamba wema uushinde uovu katika kila hadithi bila ya kuacha. Zililegezwa mwaka 1971 na tena mwaka 1989, na wachapishaji wa mwisho waliozifuata waliziacha mwaka 2011.

Kwa hiyo mfasiri anayetumia neno "mhalifu" kwa kila mpinzani anaendelea kutekeleza, bila kujua, kanuni ambazo wenyewe walikwisha kuzitupa. Isitoshe, kipimo cha sheria hakifai kabisa hapa. Batman huvunja milango ya watu usiku bila hati ya mahakama. Spider-Man ametafutwa na polisi mara nyingi. Kwa upande wa pili, Doctor Doom, aliyeanza mwaka 1962, ni mtawala wa nchi ya kubuni iitwayo Latveria na ana kinga ya kibalozi. Mara nyingi hakuna mahakama inayoweza kumgusa. Ikiwa mhalifu ni mvunja sheria, basi anayestahili jina hilo katika kurasa nyingi ni yule tunayemwita shujaa.

Hasimu mwenye hoja

Kazi bora za fani hii ni zile zilizomruhusu mpinzani awe na hoja. Tutoe mifano mitatu.

Mfano wa kwanza ni Magneto, aliyetokea mwaka 1963 katika toleo la kwanza la X-Men la Stan Lee na Jack Kirby. Hapo hakuwa na zaidi ya kiburi na tamaa ya kutawala. Lakini mwaka 1981, katika toleo la 150, mwandishi Chris Claremont alifichua kwamba Magneto alilelewa katika kambi ya Auschwitz, ambako watu wake waliangamizwa. Madai yake kwamba watu wa kawaida watawaangamiza wale wanaowaona tofauti yakawa ni kumbukumbu, si kichaa. Kufikia mwaka 1985 Magneto alikabidhiwa shule ya wale wale aliokuwa akipigana nao. Mfasiri aliyemwita "mwovu" tangu kitabu cha kwanza, akalifanya neno hilo kuwa istilahi yake, atamwitaje mkuu wa shule?

Mfano wa pili ni Killmonger, aliyezuliwa mwaka 1973 katika hadithi za Black Panther zilizoandikwa na Don McGregor. Katika sinema ya Ryan Coogler ya mwaka 2018, Killmonger ni mtoto aliyeachwa Oakland, California, baada ya baba yake kuuawa na ndugu yake mwenyewe, mfalme wa Wakanda. Anarudi akidai kiti cha enzi, na silaha za kuwagawia watu weusi wanaoonewa duniani. Njia yake ni ya damu, na sinema haifichi jambo hilo. Lakini swali lake, kwa nini nchi yenye uwezo ilikaa kimya wakati watu wa asili yake wakiteswa, halijibiwi kwa ngumi. Mwishoni mfalme T'Challa anaifungua nchi yake kwa dunia na kuanzisha kituo cha msaada huko huko Oakland. Mshindi amechukua swali la aliyeshindwa. Mfasiri akimwita Killmonger "jambazi", mwisho huo unakosa sababu, na mtazamaji atabaki akijiuliza kwa nini mfalme anafuata mawazo ya jambazi.

Mfano wa tatu ni Watchmen, kazi ya Alan Moore na Dave Gibbons iliyotolewa kwa sehemu 12 mwaka 1986 na 1987. Ozymandias, mtu anayesifiwa kuwa mwenye akili kuliko wote, anaua mamilioni ya watu katika jiji la New York ili kuyatisha mataifa makubwa yaache vita vya nyuklia. Vita vinaepukwa. Waliokuwa wenzake wanalazimika kuamua kama watasema ukweli au watanyamaza. Kitabu hakiamui kwa niaba yao. Istilahi yoyote inayoamua mapema inakiua kitabu hicho.

Mapendekezo

Kutokana na uchunguzi huu tunaona kwamba dhana tatu zimechanganywa katika maneno yanayotumika: uwezo wa mhusika, nafasi yake katika mgogoro, na thamani ya matendo yake. Tunapendekeza kila dhana ipewe neno lake.

Kwa uwezo, tunapendekeza "jabari". Jabari ni mhusika ambaye nguvu, akili au zana zake zinapita kipimo cha kawaida cha binadamu, na ambaye hutokea kwa jina na vazi lake la pekee. Neno hili halidai kwamba ana nguvu za kimiujiza, kwa hiyo linamfaa hata Batman, ambaye hana zaidi ya mali, mazoezi na akili. Halibagui mwanamume na mwanamke, kwa hiyo Wonder Woman ni jabari sawa na Superman. Tena linazaa vizuri: majabari, ujabari, hadithi za majabari.

Kwa nafasi katika mgogoro, tunapendekeza "mtetezi" na "hasimu". Hasimu si neno geni. Wasomaji wa kurasa za michezo hulikuta kila timu mbili kubwa zinapokutana. Ubora wake ni kwamba linataja uhusiano bila kutoa hukumu, na uhusiano unaweza kwisha. Magneto alikuwa hasimu, kisha uhasimu ukakoma.

Kwa thamani ya matendo tunayo maneno tele: shujaa, mwema, mwovu, dhalimu, habithi. Hayo tuwaachie wasomaji na wahakiki wayatoe baada ya kusoma.

Tukiyaunganisha maneno haya tunapata "jabari mtetezi" kwa Superman na "jabari hasimu" kwa Doctor Doom. Mwenye mgodi wa mwaka 1938 ni hasimu asiyekuwa jabari, na tofauti hiyo, kama tulivyoona, ndiyo iliyogeuza historia ya fani. Jaribio gumu zaidi ni Spider-Man wa mwaka 1962. Peter Parker anaumwa na buibui mwenye mnururisho, anapata nguvu, na jambo la kwanza analofanya ni kuzitumia kutafuta pesa na sifa. Anamwacha mwizi apite mbele yake kwa kuwa hakumhusu, na mwizi huyo baadaye anamwua Ben, baba yake mkubwa, aliyemlea. Baina ya kuumwa kule na kifo kile Peter ni jabari, lakini bado si mtetezi. Hadithi nzima ya Stan Lee na Steve Ditko imo katika pengo hilo. Lugha inayomwita "shujaa" tangu anapoumwa na buibui haina neno la kulitaja pengo hilo. Lugha yenye jabari na mtetezi inalo.

Pingamizi na majibu

Pingamizi la kwanza litakuwa la dini, kwamba Jabari ni miongoni mwa majina matukufu ya Mwenyezi Mungu. Jibu ni kwamba Kiswahili kimezoea kutumia maneno ya namna hiyo kwa viumbe bila kukusudia kufuru. Tunasema mtu fulani ni karimu, na tunawapa watoto jina la Jabari. Pingamizi la pili ni kwamba jabari ana harufu ya kiburi na ujeuri. Ni kweli, na hiyo ni faida. Mtu mwenye nguvu kupita wenzake yafaa atazamwe kwa tahadhari hata akiwa anatuokoa. Neno lenye tahadhari hiyo ndani yake linaisoma fani hii vizuri kuliko neno la sifa tupu.

Wengine watapendelea jagina, nguli au jitu. Jagina liko karibu mno na shujaa, na litarudisha tatizo lile lile. Nguli limekwisha kupata kazi ya kumtaja bingwa wa fani, kama vile nguli wa muziki. Jitu linatupeleka katika ngano za mazimwi na linapima ukubwa wa mwili. Linaweza kumfaa Hulk, wala si wenzake.

Wako pia wanaosema tukope tu, tuseme "supahiro". Hatuna ugomvi na ukopaji. Shujaa, jabari na hasimu yote yametoka ng'ambo. Lakini neno lililokopwa hivyo linaingia likiwa kifurushi kilichofungwa, likiwa na mkanganyiko wote tulioueleza. Tena lina kisa chake. Kuanzia mwanzoni mwa miaka ya 1980, kampuni za DC na Marvel zilisajili neno hilo la Kiingereza nchini Marekani kuwa alama yao ya biashara, na kwa zaidi ya miaka 40 zilikuwa na haki ya kupinga wengine wasilitumie kuuzia vitabu. Usajili huo ulifutwa mwaka 2024. Si vibaya wenye Kiswahili kuwa na neno ambalo halijawahi kuwa mali ya kampuni.

Hatimaye, wale wanaoona ajabu kuyatumia maneno yetu katika hadithi za wageni wajue kwamba wageni walitutangulia. Katika sinema ile ya 2018, watu wa milimani wanaoongozwa na M'Baku wanaitwa Jabari. Na mwaka 1975 Len Wein na Dave Cockrum walipomleta mwanamke mwenye kutawala mvua na upepo, walimweka nchini Kenya, wakampa jina la Ororo. Mswahili akilisikia jina hilo hukumbuka mara moja nyororo na mwororo, yaani kitu laini kisichokwaruza, na hutabasamu anapoona radi zikimtoka mikononi. Ikiwa wao wameyachukua maneno bila kuyapima, sisi tuna wajibu wa kuyapima.

Hitimisho

Tumejaribu kuonyesha kwamba katika vitabu vya katuni vya Marekani nguvu haikuwa dalili ya wema tangu mwaka 1933, na kwamba kazi zilizo bora ni zile zinazomwachia msomaji hukumu. Kwa hiyo tumependekeza jabari kwa mwenye uwezo, mtetezi na hasimu kwa nafasi zao, na tumeomba neno shujaa libaki mahali pake. Mtoto anayesikia Superman akiitwa shujaa asubuhi, na jioni akasikia neno hilo hilo likitajwa kwa waliokufa wakipigania nchi, atajifunza kwamba ushujaa ni kutoumia. Hilo ni fundisho la uongo, na lugha yetu haina sababu ya kulifundisha.

Wasomaji wanaofasiri sinema, wanaofundisha fasihi au wanaochora katuni ndio watakaojua kama mapendekezo haya yanatamkika na yanaenea katika nafasi finyu ya maandishi ya chini ya picha. Wanaombwa wayajaribu, na wakiona yana dosari walete maneno bora zaidi, pamoja na hoja zake.